Baada ya Tope la Hanang: Wahame au Wabaki?

Alfajiri ya Jumapili, Desemba 3, 2023, baada ya mvua ya usiku kucha, sehemu ya Mlima Hanang ilimeguka na kushuka pamoja na maji. Tope, mawe makubwa na magogo yalipita katikati ya mji wa Katesh na vijiji vya jirani. Watu 89 walipoteza maisha, zaidi ya mia moja walijeruhiwa, na kaya zaidi ya elfu moja ziliguswa kwa namna moja au nyingine: nyumba imezolewa, shamba limefunikwa, mifugo haionekani, duka limejaa tope hadi dirishani. Rais Samia Suluhu Hassan alikuwa Dubai kwenye mkutano wa tabianchi wa COP28. Alikatiza safari akarudi na kufika Hanang. Waziri Mkuu wa wakati huo, Kassim Majaliwa, alikuwa ameshatangulia kuaga miili. Wanajeshi walifukua, madarasa ya shule yakageuzwa kambi, na malori ya unga, magodoro na mablanketi yakaja kutoka kila kona ya nchi. Mwaka mmoja baadaye, Desemba 2024, nyumba 109 zilizojengwa Waret na Serikali pamoja na wadau kama Chama cha Msalaba Mwekundu zilikabidhiwa kwa familia zilizokosa makazi.

Magazetini habari ilikaribia kuishia hapo. Kijijini kwetu Hirbadaw haikuishia. Majina yaliyotajwa sana siku zile yalikuwa Katesh, Gendabi, Jorodom, Ganana. Sisi tulikuwa upande wa waliowapokea walionusurika. Wilaya hii ya Hanang ni ya watu waliooana na kuchanganyika, na ni nadra kukuta kaya isiyo na shangazi, mkwe au mtoto wa ndugu Katesh. Kwa hiyo swali la wapi walionusurika waishi limekaa kwenye nyua zetu, linajadiliwa penye chai na penye kunywesha ng'ombe. Je, wahame moja kwa moja, waupe mlima nafasi yake? Au warudi walikotoka, waendelee?

Nimelipeleka swali hilo kwa sauti nne. Msitafute majina yao. Ni misimamo ninayoiona inagongana huku kwetu, nikaigawa kwa watu wanne ili ibishane bila kuoneana haya: mama mfanyabiashara aliyenusurika Katesh na sasa anaishi kwa kaka yake Hirbadaw, mzee mfugaji wa Kibarbaig, mwalimu wa jiografia wa sekondari, na kijana wa bodaboda. Mwishoni nitasema langu, kwa kuwa sioni haki ya mwandishi kuchochea hoja halafu yeye mwenyewe akanyamaza.

MAMA: Nianze mimi, maana ndiye ninayezungumziwa. Kila anayenikuta ananiambia, "Mshukuru Mungu, umepona." Namshukuru, asubuhi na jioni. Lakini nataka mjue kupona kwenyewe kukoje. Dukani nilikuwa na mchele, sukari, sabuni, mafuta ya kupima na vitenge vya msimu wa Krismasi, na karibu nusu ya mzigo ule niliuchukua kwa mkopo wa kikundi. Tope likaingia mlango wa nyuma likatokea wa mbele. Nilipofika na koleo, kitu cha kwanza nilichofukua ni daftari la madeni. Kurasa zilikuwa zimegandana. Nikalianika kwenye bati, likakauka, nikawa nabandua ukurasa mmoja mmoja kwa ncha ya kisu. Wino umesambaa, nikaambulia majina machache tu. Wawili kati ya hao walikuwa wamezikwa wiki ileile. Waliobaki wamepoteza kama nilivyopoteza. Ningemdai nani? Ila mimi nadaiwa. Kikundi chetu ni wanawake wenzangu, na pesa ile ni ada za watoto wao. Tope lilibeba kila kitu, deni likaniachia.

Halafu kuna usiku. Mvua ikianza kupiga bati, mwanangu wa pili anaamka, anavaa viatu, anakaa kitandani. Haongei, halii. Amevaa viatu tu, anasubiri. Nimemweleza kwamba hapa kwa mjomba wake hakuna korongo. Anaitikia, lakini viatu havui mpaka mvua ikatike. Aliyeumwa na nyoka akiona unyasi hushtuka, na huyu ni mtoto. Asubuhi anasinzia darasani, anaadhibiwa kwa kusinzia.

Pamoja na hayo nataka kurudi Katesh. Sisemi palepale korongoni. Nani atarudi pale? Nataka kurudi mjini kwa sababu wateja wangu wako mjini, na kikundi changu kiko mjini. Hapa kwa kaka yangu nalala vizuri na nakula vizuri, ila siku zinapita nikiwa mgeni. Mgeni siku mbili, ya tatu mpe jembe. Jembe nimepewa. Shamba la kulima sina.

MZEE: Pole, binti yangu. Neno lako la shamba nitalirudia. Kwanza niseme kuhusu mlima. Sisi Wabarbaig hatukuanza kuuona jana. Wazee wetu hawakujenga kwenye mdomo wa korongo. Boma lilikaa penye mwinuko, ng'ombe wakashuka kunywa, wakapanda. Kiangazi tulikuwa upande mmoja, masika upande mwingine. Mlimani, bondeni, mpaka kwenye chumvi ya Ziwa Balangida. Mtu aliyezoea kuhama hakupigwa sana na kitu kinachokuja mara moja katika umri wa watu watatu au wanne, kwa kuwa hakukiwekea mali yake yote njiani. Mji wa matofali na bati umekaa mahali pamoja. Ukikosea mahali, umekosea na wajukuu zako.

MWALIMU: Mzee, basi tuko upande mmoja. Wahame.

MZEE: Ngoja, Mwalimu, sijamaliza. Nimesema mtu ahame mwenyewe. Kuhamishwa ni jambo lingine, na mimi limenipata nikiwa na akili zangu. Miaka ya sabini ilikuja Operesheni Vijiji, tukaambiwa tukae pamoja ili tupate maji, shule na zahanati. Wakati huohuo yakaja mashamba ya ngano ya shirika la umma la NAFCO kwa msaada wa Canada. Saba: Basotu, Setchet, Mulbadaw, Murjanda, Gawal, Gidagamowd na Waret. Hesabu yake ilifika kama hekta 40,000, na hayo ndiyo yalikuwa malisho yetu bora, udongo mweusi unaoshika majani hata kiangazi. Njia za ng'ombe zikafungwa. Makaburi ya wazee wetu yakalimwa na matrekta. Wenzetu wa Mulbadaw walikwenda mahakamani; Mahakama Kuu ikawapa haki mwaka 1984, Mahakama ya Rufani ikaibatilisha mwaka 1985. Sasa mtu akiniambia, "Mzee, tunawahamisha hawa kwa faida yao," sikio langu linasimama. Hata sisi tuliambiwa ni kwa faida yetu na ya taifa.

KIJANA: Mzee, umetaja Waret. Si ndiko zilikojengwa nyumba za waathirika?

MZEE: Jina ni lilelile, mjukuu wangu. NAFCO iliposhindwa, mashamba mengine yaligawiwa wananchi, mengine yakachukuliwa na wawekezaji. Sina kinyongo na familia zilizopewa nyumba; watu wale wamezika. Nataka tu anayegawa ardhi Hanang ajue kwamba hapa hakuna ardhi isiyo na historia. Kila eka ina mtu anayesema, "Pale palikuwa petu."

MWALIMU: Historia ya ardhi sina ubishi nayo. Lakini naomba tuangalie historia ndefu zaidi, ya mlima wenyewe. Hanang una urefu wa zaidi ya mita 3,400, na ni volkano ya zamani. Baada ya maafa uvumi ulienea kwamba umelipuka. Haukulipuka, Serikali ilisema wazi kwamba sehemu ya mlima ilinyonya maji ikaelemewa, ikameguka, na wataalamu wa miamba wangesema hivyohivyo. Volkano hujengwa kwa tabaka: lava ngumu hapa, majivu pale, mawe yaliyovunjika kwingine. Kwa miaka mingi sana tabaka hizo zinaoza na kuwa udongo laini, tena kwenye mteremko mkali. Mwaka 2023 kulikuwa na El Niño, na Bahari ya Hindi upande wetu wa magharibi ilikuwa na joto kuliko kawaida. Hivyo viwili vikikutana, mvua za mwisho wa mwaka Afrika Mashariki hupita kiasi. Mamlaka ya Hali ya Hewa ilikuwa imetangaza mapema kwamba El Niño inakuja. Udongo ukashiba. Unaposhiba, maji yaliyo kati ya chembe yanaziachanisha, na uzito uliokuwa unaukandamiza mteremko unaanza kuusukuma. Ukimeguka juu, unaingia korongoni, unabomoa kingo, unang'oa miti, unabeba mawe, na kila unachobeba kinauongezea nguvu. Ukifika chini ni mzito kama zege bichi. Ndiyo maana mtu hawezi kuogelea ndani yake.

Na hili ndilo ninalotaka kila mtu alielewe. Mdomoni mwa makorongo, chini ya milima ya aina hii, utakuta ardhi imetanuka, tambarare kiasi, yenye rutuba, karibu na maji. Watu wanaipenda, wanajenga. Ardhi ile imeletwa na nani? Na mafuriko na maporomoko ya zamani. Mlima uliishusha, utashusha nyingine. Mwezi Mei mwaka uleule wa 2023, Kalehe, Kivu Kusini nchini Kongo, mito iliyoshuka kwa namna hiyohiyo iliua zaidi ya watu 400 Bushushu na Nyamukubi. Hapa kwetu Tanzania, Novemba 2009, Same milimani, maporomoko yalifukia familia zilizolala. Kwa hiyo sihitaji kujua tarehe ya maporomoko yajayo ili niseme watu wahame. Uganda, baada ya maporomoko ya Bududa mwaka 2010, Serikali iliwachukua walionusurika ikawapeleka Kiryandongo, mbali kabisa na mlima. Huo ndio uamuzi.

KIJANA: Mwalimu, samahani, umewataja wa Bududa. Maliza basi habari yao.

MWALIMU: Sema wewe.

KIJANA: Machi 1, 2010, Mlima Elgon ulifunika kijiji cha Nametsi, na kituo cha afya kilichokuwa na watu ndani. Mamia walikufa au hawakuonekana tena. Wakapelekwa Kiryandongo, kweli. Na wengi wakarudi! Walikopelekwa lugha ni nyingine, hali ya hewa nyingine, kahawa waliyoizoea hawana, makaburi yao yako mlimani. Wakarudi kwenye mteremko uleule. Oktoba 2018 mto ukashuka Bukalasi ukaua tena makumi ya watu. Mwaka uliofuata ndipo wakaanza kuwahamishia Bunambutye, tambarare ya karibu, chini ya mlima wao wenyewe. Kwa nini hawakuanza na Bunambutye? Miaka tisa katikati hapo ina watu waliokufa.

MAMA: Kwa sababu aliyepanga hakuuliza. Aliyepanga aliona watu wasio na paa, akawapa paa. Mwanadamu haishi kwa paa.

MWALIMU: Mama, lakini pia haishi chini ya tope.

MAMA: Sikatai, Mwalimu. Nakuuliza hivi: nikipewa nyumba nzuri mahali pasipo na mteja, nitakula matofali? Nitakachofanya unakijua. Nitafunga mlango wa nyumba nzuri, nitarudi mjini nipange chumba cha bei rahisi. Na chumba cha bei rahisi kiko wapi? Kiko korongoni. Mimi maskini nitarudi palepale ulipokuwa unanikimbiza, safari hii nikiwa mpangaji nisiyehesabiwa na mtu.

(Hapa niweke neno moja la pembeni. Mpangaji ndiye mtu anayesahauliwa kirahisi kuliko wote katika maafa ya mjini. Mwenye nyumba ana kiwanja cha kuonyesha. Mpangaji aliyepoteza cherehani, kitanda na vyeti vya shule vya watoto hana ukuta wa kuonyesha kwamba aliwahi kuishi pale. Katesh ni mji wa wapangaji, kama miji yote ya barabarani.)

KIJANA: Mimi nina hasira na jambo lingine. Msitu. Watu wanapanda kule juu, wanakata, wanachoma mkaa, halafu mlima ukishuka tunasema kazi ya Mungu. Mimi nimebeba majeruhi kwenye pikipiki hii mpaka Hospitali ya Tumaini. Mmoja nilimfunga na kanga mgongoni kwangu ili asidondoke. Siwezi kusikia tena habari ya kazi ya Mungu.

MWALIMU: Hasira yako naiheshimu, na mteremko uliovuliwa miti kweli huteleza upesi zaidi. Lakini tusijidanganye. Magogo yaliyofika Katesh yalitoka msituni, kwa maana hiyo tope lilianzia au lilipita penye miti. Sehemu kubwa ya Mlima Hanang ni hifadhi. Mizizi inashika udongo wa juu. Tabaka la chini likishiba maji, mlima unaweza kumeguka na miti yake yote. Tupande miti, ndiyo, ila asiwepo mtu wa kuniambia kwamba tumeshapanda miti, sasa turudi kujenga mdomoni mwa korongo.

MZEE: Na msimtafutie mchungaji na mchoma mkaa hatia yote. Ni rahisi kumlaumu mtu asiye na ofisi. Aliyegawa viwanja korongoni naye ana mikono.

MAMA: Mkimaliza kulaumiana mnikumbuke, mimi bado sina mahali pa duka.

Hapo palikuwa na ukimya, kisha mzee akarudi kwenye deni alilojiwekea mwanzoni.

MZEE: Binti yangu, nilisema nitarudia habari ya shamba. Nami nitasema ukweli ambao hautanipa sifa. Hapa Hirbadaw mwaka wa maafa tulipokea watu kwa moyo mweupe. Tulichinja. Tulitoa mahindi. Mwaka wa pili watu walianza kuhesabu. Malisho yanapungua, watoto wetu wenyewe wanaoa na wanataka pa kulima, na kila mwaka plau zinaingia kwenye njia ya ng'ombe. Mtu anapojiuliza, "Mgeni atakaa mpaka lini?" si roho mbaya inayomsukuma. Ni hofu. Ardhi haijapimwa, haijulikani ya nani ni ipi, na kijiji kina kiasi gani cha kutoa bila kujinyima. Nikijua kwamba eka hizi ni za malisho milele na hakuna atakayezigusa, nitakuwa wa kwanza kusema, "Mpeni dada yetu eka zile nyingine." Nisipojua, nitakaa kimya, na kimya changu utakielewa kuwa chuki.

MAMA: Asante kwa kusema, baba. Ni afadhali hivi. Na mimi niseme langu: hata kaka yangu akinigawia, itaandikwa jina la nani? Mume wangu yupo, namshukuru Mungu. Lakini nina rafiki aliyefiwa na mume kwenye tope lile. Shemeji zake walifika msibani, na kabla matanga hayajaisha wakaanza kuuliza habari ya kiwanja. Kiwanja kilichojaa mawe! Mlima ulimnyang'anya mume, ndugu wakataka kumnyang'anya mahali alipofia.

MWALIMU: Sheria iko upande wake. Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya mwaka 1999 inasema haki ya mwanamke kupata, kumiliki na kutumia ardhi ni sawa na ya mwanamume. Na ardhi ya kijiji haigawiwi na mwenyekiti peke yake kwenye baraza la nyumba yake; mkutano mkuu wa kijiji ndio wenye kuridhia. Hatimiliki ya kimila inaweza kuandikwa kwa jina la mwanamke, au la mume na mke pamoja.

MAMA: Sheria iko upande wake, na karatasi iko wapi?

MWALIMU: Hapo umenishika.

KIJANA: Niongeze la mwisho kutoka kwangu. Mnabishana kuhama na kubaki, lakini hata tukihama leo, watu watabaki chini ya mlima. Katesh ni makao makuu ya wilaya, barabara ya lami ya Singida na Babati inapita pale, haitafungwa ikahamishwa. Basi, usiku ule watu walikufa wamelala. Kati ya juu kunakomeguka na chini kunakofika kuna muda, hata kama ni mdogo. Kila mtu ana simu. Vijana wa vijiji vya juu wangekuwa na namba za wenzao wa chini, na wakajua cha kusikiliza...

MWALIMU: Na viko vya kusikiliza. Ngurumo isiyo ya radi, inayozidi badala ya kufifia. Ardhi kutetema. Maji ya korongo kubadilika ghafla yakawa mazito. Na ishara ya hatari kuliko zote ni maji kukatika korongoni huku mvua inaendelea. Mtu anaweza kufurahi kwamba mafuriko yamepungua. Asifurahi, huko juu korongo limezibwa, na kizibo kikiachia, kinashuka chote. Mtu akiona hivyo akimbilie pembeni, kwenye mwinuko, asifuate korongo kuteremka, na asirudi kuchukua redio.

KIJANA: Sasa hayo nani ametufundisha? Sheria ya Usimamizi wa Maafa ya mwaka 2022 inataka kamati za maafa mpaka ngazi ya kijiji. Ziwekeeni basi kamati hizo watu wenye pikipiki na wenye filimbi, zisiwe majina kwenye daftari la ofisi. Mimi nitaamka saa nane ya usiku. Wote kijiweni kwetu wataamka.

MZEE: Yowe tulikuwa nalo kabla ya simu. Ng'ombe wakiibwa usiku, yowe linavuka vilima vitatu kabla mwizi hajafika mbali. Watu wanaoweza kuamshana kwa ajili ya ng'ombe wanaweza kuamshana kwa ajili ya watoto.

Nimewasikiliza wote wanne, na sasa niseme ninaloliamini.

Mwalimu yuko sahihi kuhusu makorongo. Mdomo wa korongo lililoleta tope Desemba 2023 usijengwe nyumba ya kulala mtu, si ya tajiri wala ya mpangaji, na viwanja vya pale vifutwe kwenye ramani ya mji ili asitokee mtu wa kuviuza kwa bei ya kutupa kwa mgeni asiyejua. Pale panafaa bustani, miti, uwanja wa mpira, hata mnada wa mchana. Katika hili sina huruma na hoja ya mazoea, wala na hoja ya gharama.

Zaidi ya hapo, namuunga mkono mama. Kumhamisha mtu kutoka korongoni hakumaanishi kumtoa Katesh, na kumtoa Katesh kusihesabiwe kuwa kumwokoa. Nyumba 109 za Waret ni kazi kubwa, na kwa nchi yetu, ambayo mara nyingi huishia kwenye unga na mablanketi, ni hatua ya kuheshimiwa. Familia zilizoingia mle zimepata mlango wa kufunga usiku. Lakini waathirika hawakuwa 109. Aliyekuwa na duka anahitaji mtaji na pa kuuzia. Aliyekuwa na shamba anahitaji shamba. Mfugaji anahitaji njia ya maji. Katika hesabu ya maafa tunaandika waliokufa, waliojeruhiwa na nyumba zilizobomoka. Ningetaka safu ya nne: namna mtu alivyokuwa akijipatia riziki, na kama ameirudia. Safu hiyo ijazwe mwaka wa kwanza, wa pili na wa tano. Iongezwe na ya mtoto anayevaa viatu mvua ikinyesha. Walimu wa Hanang wasimwadhibu mtoto anayesinzia asubuhi iliyofuata mvua ya usiku, wamuulize amelalaje.

Na mzee amesema jambo ambalo wapanga mipango huwa hawalisikii, kwa kuwa linatoka kwa mtu anayeonekana anakataa maendeleo. Ukarimu unahitaji mpaka unaojulikana. Kijiji kisichojua kina ardhi kiasi gani hakiwezi kutoa. Kitakopesha kwa mashaka, na mkopo wa mashaka huzaa ugomvi. Watu wa wilaya hii wamekwisha kushuhudia ardhi ikigawiwa kutoka mezani mbali na hapa, na makaburi yakapitiwa na jembe. Wakiwa na wasiwasi, wasiwasi wao umetoka kwenye matukio yenye tarehe na namba za kesi.

Kwa hiyo ombi langu ni kwa halmashauri ya kijiji cha Hirbadaw na vya jirani, na kwa Halmashauri ya Wilaya ya Hanang. Kabla ya mvua za Novemba itisheni mkutano mkuu wa kijiji wenye ajenda hii peke yake. Pimeni malisho na njia za ng'ombe kwanza, muyafunge yasiguswe. Kisha ndipo ioneshwe ardhi ya kuwapa waliohamia kwetu, kwa hati yenye jina la mwanamke pale anapostahili. Kila kijiji kilicho chini ya mlima kibandike kwenye ubao wa ofisi yake ramani ya makorongo ya hatari na namba za simu za walinzi wa usiku, za juu na za chini. Na mama yule mwenye daftari la madeni akaribishwe kwenye mkutano huo, apewe nafasi ya kusema kabla ya mgeni rasmi.